Kumrekodi mchongaji wa mpingo kwa filamu bubu

Kamera nyingi za kwanza za sinema zilizungushwa kwa mkono: mizunguko 2 kwa sekunde, fremu (picha moja moja) 8 kila mzunguko, jumla 16. Filamu hizo zikija kuoneshwa kwa fremu 24 kwa sekunde, watu wanaonekana kama wanafukuzwa. Wengi wanaoiga huharakisha picha wakidhani huo ndio ukale. Kwa mchongaji wa Mwenge, Dar es Salaam, usifanye hivyo. Pigo la tezo, shoka dogo la kuchongea, lina mwendo wake, na ukiuvuruga umeharibu kitu pekee ulichoendea.

Rekodi kwa simu, fremu 24 kwa sekunde, shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) 1/50 ya sekunde ili taa za umeme wetu wa hezi 50 zisipepese. Kaa kivulini bandani, maana juani shata hiyo itaunguza picha. Wakati wa kuhariri, toa fremu 1 katika kila 3 bila kufupisha muda: sekunde 10 zenye fremu 240 zibaki sekunde 10 zenye fremu 160. Mwendo wa kizamani wa kurukaruka utaupata, mkono utabaki na kasi yake.

Taabu kubwa ni mpingo wenyewe. Simu ikiona weusi ule huongeza mwanga, gogo likageuka rangi ya majivu na barabara ya nyuma ikawa nyeupe tupu. Bonyeza kwenye kioo pale ulipo mkono wa fundi, shikilia mpaka mwanga ufungike, kisha ushushe kidogo. Mwanga utoke ubavuni. Ukitoka mbele, mchongo hauonekani vizuri na sura ya kinyago huonekana bapa. Upande wenye giza tundika shuka jeupe.

Anza kabla gogo halijamenywa. Tezo ikibandua ganda la nje lenye weupe na kiini cheusi kikatokeza, sogea karibu, acha sekunde 20 bila kukata. Vibanzi vya mwanzo ni vyeupe, vinataka nyuma pawe na giza. Vya kiini ni vyeusi, vitapotea usipotandika gunia la rangi nyepesi. Bila sauti, vibanzi ndivyo vinavyomwambia mtazamaji pigo limeingia.

Ukiondoa rangi ili picha iwe nyeusi na nyeupe, kumbuka filamu za zamani nyingi hazikuona nyekundu, ikatoka nyeusi. Ukiipunguza sana nyekundu kwenye programu ya kuhariri, uso wa fundi nao unazama, macho yanabaki peke yake. Punguza kidogo tu.

Kadi ya maandishi, ile inayokatiza picha kueleza kinachotokea, isizidi maneno 8, ikae muda wa kuisoma kwa sauti mara 2. Iweke baada ya kitendo kuanza. Ikitangulia, mtu anasoma halafu haangalii.