Ukitaka kucheza soka nje, soma njia aliyopita Luka Modrić

Nafundisha vijana wa chini ya miaka 17 hapa Morogoro. Wazazi hunifuata pembeni ya uwanja na swali lilelile: "Kocha, huyu kijana tunampelekaje Ulaya?" Jibu langu ni refu, ndiyo maana nimeamua kuliandika. Mfano ninaoutumia ni Luka Modrić wa Kroatia, kiungo aliyeng'ara Real Madrid ya Hispania, kwa sababu safari yake ilikwenda hatua kwa hatua, na kila hatua ina somo ambalo kijana wa kawaida anaweza kulishika.

Kwanza, acheni kumpima mtoto kwa urefu. Modrić alizaliwa mwaka 1985 huko Zadar, mji wa pwani ya Kroatia. Desemba 1991 vita vya Kroatia kupigania uhuru vilifika kijijini kwao, chini ya mlima Velebit. Babu yake, ambaye naye aliitwa Luka, aliuawa, na familia ikakimbilia Zadar kuishi hotelini kama wakimbizi. Mpira aliuchezea kwenye maegesho ya magari ya hoteli. Hajduk Split, klabu kubwa ya ukanda ule, ilimkataa kwa kuwa mdogo na mwembamba. Kocha wa pale Zadar, Tomislav Bašić, hakumkatia tamaa, na akiwa na miaka 16 kijana akaingia Dinamo Zagreb, klabu ya mji mkuu wa Kroatia. Hata alipokua hakupita sentimita 172.

Mwenye mwili mdogo lazima aone mapema kuliko wenzake. Zoezi langu ni hili: kijana anasubiri pasi, mimi nasimama nyuma yake na kuinua vidole. Kabla mpira haujamfikia, awe ameshageuza shingo na kutaja idadi ya vidole. Akishindwa, pasi ile haihesabiwi hata akiituliza vizuri namna gani. Mwanzoni wote wanakosea, maana macho yao yameng'ang'ania mpira. Baada ya muda shingo inageuka yenyewe, hata siku ya mechi. Ukikaa kumtazama Modrić, jaribu kuusahau mpira kwa dakika 10, mfuate yeye tu. Utaona anaangalia bega hili, anaangalia bega lile, na pasi ikifika tayari anajua anaipeleka wapi. Aprili 2022, Real Madrid ikiwa nyuma mabao 3-0 nyumbani dhidi ya Chelsea, alipiga pasi kwa upande wa nje wa mguu wa kulia, mpira ukawapita mabeki wote na kumdondokea mwenzake Rodrygo mbele ya goli. Watu walishangilia ule mguu. Mimi nilifurahia kwamba alikuwa ameshamwona Rodrygo.

Hatua ya pili ndiyo ninayobishana nayo zaidi na wazazi: nenda utakakocheza, hata kama jina la klabu ni dogo. Akiwa na miaka 18, Dinamo haikumweka benchi la timu kubwa apendeze. Ilimpeleka kwa mkopo, yaani akacheze kwa muda huku akibaki mchezaji wa Dinamo, Zrinjski Mostar, katika ligi ya Bosnia, ambako viwanja vilikuwa vibovu na mabeki walikuwa wanakanyaga kwelikweli. Alitoka pale akiwa mchezaji bora wa ligi. Baadaye amesema kwamba aliyeweza kucheza Bosnia anaweza kucheza popote. Mkopo wa pili ulikuwa Inter Zaprešić, klabu ya mji mdogo jirani na Zagreb, na msimu huo wa 2004–05 klabu hiyo ikamaliza nafasi ya pili Kroatia. Dinamo wakamrudisha, akachukua nao ubingwa misimu mitatu mfululizo. Tottenham ya Uingereza walipomnunua mwaka 2008 kwa pauni milioni 16.5, walikuwa wananunua mtu mzima wa kazi.

Kwetu pia tuna ushahidi. Mbwana Samatta hakuruka kutoka Simba kwenda Uingereza. Alikwenda kwanza Lubumbashi, TP Mazembe, mwaka 2011, akakaa mpaka akabeba Ligi ya Mabingwa Afrika mwaka 2015, kisha Genk ya Ubelgiji, kisha Aston Villa mwaka 2020. Kwa hiyo kijana akipata nafasi ya kuanza kila wiki Zambia au Kongo, na nafasi nyingine ya kukaa timu ya akiba mahali penye jina, nitamwambia achukue ya kwanza bila kufikiri mara mbili.

Sasa karatasi, na hapa naomba msome polepole. Kanuni za FIFA haziruhusu mchezaji wa chini ya miaka 18 kuhamia klabu ya nchi nyingine, isipokuwa kwa vighairi vichache, kwa mfano wazazi wake wakihamia nchi hiyo kwa sababu zisizohusu mpira. Mtu akikwambia mtoto wako wa miaka 15 atasajiliwa Ulaya mwezi ujao ukimpa nauli na "pesa ya kufungua faili", usimpe hata shilingi. Namjua mzazi aliyeuza kiwanja kwa ajili ya mtu wa namna hiyo. Barua ya majaribio ilikuwa na nembo ya klabu, inang'aa, lakini anwani ya barua pepe chini yake ilikuwa ya zile za bure ambazo yeyote anafungua kwenye simu. Inatosha kutafuta mawasiliano ya klabu kwenye tovuti yao rasmi na kuwauliza wenyewe. Wakala naye aonyeshe leseni.

Na mkataba usisainiwe bila kusoma viambatisho. Modrić alisaini Dinamo mkataba wa miaka 10 mwaka 2005, na fedha zake zikamwezesha kuinunulia familia nyumba Zadar. Lakini kiambatisho kilichohusu mgawo wa ada ya uhamisho wake kwenda Tottenham kilifika hadi mahakamani, ubishi ukiwa kilisainiwa lini hasa. Juni 2018 mahakama ya mji wa Osijek, Kroatia, ilimtia hatiani Zdravko Mamić, aliyekuwa bosi wa Dinamo, katika kesi ya fedha za uhamisho. Modrić, aliyekuwa shahidi, alishtakiwa kwa kutoa ushahidi wa uongo, na shtaka hilo likafutwa baadaye mwaka huohuo. Alikwenda Kombe la Dunia nchini Urusi na mzigo huo kichwani. Kila karatasi iwe na tarehe ya siku iliyosainiwa kweli, na nakala moja ibaki nyumbani.

Mwisho ni msimu wa kwanza ugenini, na huu unawahusu zaidi ndugu. Tottenham ilianza msimu wa 2008 kwa pointi mbili katika mechi nane, na watu wakasema mwili wa Modrić ni mdogo mno kwa Uingereza. Kilichomsaidia ni kocha mpya, Harry Redknapp, na pia kuwa na Vedran Ćorluka, rafiki aliyecheza naye Zaprešić na Dinamo. Madrid ilikuwa vilevile: alifika Agosti 2012, na kabla mwaka haujaisha wasomaji wa gazeti la Marca walimpigia kura ya usajili mbaya kuliko wote. Machi 2013 akaingia toka benchi Old Trafford, uwanja wa Manchester United, na kuifungia Madrid bao la kusawazisha. Alipoondoka mwaka 2025 kwenda AC Milan ya Italia, alikuwa na Ligi za Mabingwa Ulaya sita na Ballon d'Or ya 2018, tuzo ya mchezaji bora wa dunia.

Kwa hiyo kijana akifika kule, mpeni msimu mzima kabla ya kuuliza mbona hapangwi. Aanze kujifunza lugha ya huko angali hapa. Atafutiwe Mwafrika Mashariki mmoja wa mji ule wa kula naye ugali Jumapili. Mwezi wa kwanza asitumiwe orodha ya ada za shule za wadogo zake. Na pesa ya tiketi ya kurudi iwe benki, kwa jina lake mwenyewe, kabla hajapanda ndege.