Jinsi ya kuangalia Vampire Hunter D: Bloodlust mpaka uone kazi iliyofanyika humo

Wengi wanaingia kwenye hii muvi ya katuni ya Kijapani, inayomhusu D, mwindaji wa vampaya (wanyonya damu), kwa ajili ya mapigano, wakimaliza wanasema ni kali, basi. Ni kali kweli, lakini ukiishia hapo umekosa mengi sana, maana hapa picha ndiyo inayosimulia na maneno yanafuata nyuma.

Anza na skrini. Sehemu kubwa ya stori iko usiku au ndani ya majengo yenye giza, kwa hiyo zima taa na usiangalie kwenye simu ukiwa juani, utaona weusi mtupu. Kwenye tivii ingia setingi uzime ile kitu inayolainisha mwendo, hii ni katuni iliyochorwa kwa mkono na wachoraji walishaamua wapi mwendo ukatike na wapi utulie, tivii ikijaza picha zake katikati inaharibu kazi ya watu. Sauti chagua unayoipenda, ila ujue Kiingereza ndicho kilichorekodiwa kwanza, Kijapani kikaja baadaye.

Sasa dakika za mwanzo usiguse kitu. Gari la farasi linapita mjini usiku, na misalaba inajikunja yenyewe. Hakuna mtu aliyekueleza vampaya ni nani wala ana nguvu kiasi gani, umeshajua! Yoshiaki Kawajiri, dairekta, anafanya hivyo muvi nzima, anakuonyesha matokeo kwanza halafu mwenye nguvu anakuja baadaye.

Raundi ya kwanza fuata stori tu: binti anayeitwa Charlotte kachukuliwa na vampaya Meier Link, familia yake inamkodi D amrudishe, na kina Marcus, kundi lingine la wawindaji, nao wako kwenye msako huohuo kwa ajili ya hela. Jiulize mapema, huyu binti katekwa au kaondoka kwa hiari yake? Mtazame usoni akiwa na Meier kabla hujasikiliza wanachosema wengine.

D mwenyewe haongei sana, mkono wake wa kushoto ndio una mdomo na unamsemea hata asiyotaka kusema. Usiikimbize ile sehemu ya kununua farasi, kuna mzee anasimama kumtetea D kwa sababu D alimwokoa akiwa mtoto. Mmoja kazeeka, mwingine yuko vilevile, na papo hapo unauelewa upweke wa mtu aliye nusu binadamu nusu vampaya bila hotuba yoyote, mimi kwangu hapa ndipo moyo wa muvi ulipo kuliko pambano lolote.

Raundi ya pili ndiyo ya kusimamisha picha. Tafuta kwanza michoro ya Yoshitaka Amano, ndiye aliyechora vitabu vya Hideyuki Kikuchi ambavyo stori imetoka humo, uone mistari yake myembamba, nyuso zilizopauka, nywele na majoho yanayotiririka. Kisha simamisha D akigeuka na joho lake uone studio ya Madhouse ilivyoufanya mstari ule utembee. Kwenye kasri la Carmila, vampaya wa kike, angalia juu, nguzo na matao yanapanda mpaka mtu anabaki kama sisimizi, ndiyo maana unaogopa kabla adui hajatokea.

Ukishamaliza tafuta muvi ya kwanza ya Vampire Hunter D, ile ya 1985, dairekta wake ni Toyoo Ashida. D ni yuleyule ila mkono wa kuchora ni mwingine kabisa, na ukiziweka pamoja tofauti utaziona mwenyewe kuanzia kwenye uso wake.