Namna ya kulifuatilia jina la ua mpaka shinani: mfano wa pareto

Kituoni kwetu huku Umalila ni nadra kusikia mkulima akisema ameleta pareto. Ameleta maua. "Mama karani, nipimie maua yangu niwahi gari la Mbeya," na kila aliyepo anajua si waridi wala maua ya harusi. Ni vile vichwa vyenye petali nyeupe na moyo wa njano, vyenye dawa ya kuua wadudu, vilivyoanikwa juu ya turubai mpaka vikawa vyepesi. Jina pareto hukaa kwenye stakabadhi, kwenye vibao vya ofisi na kwenye taarifa ya habari bei inapotangazwa.

Kazi yangu ni mizani na daftari. Watu wakingoja zamu hubishana, na jina hili limebishaniwa sana. Kuna anayesema Pareto alikuwa Mzungu aliyeleta mbegu. Kuna anayeapa ni Kilatini na maana yake ni "dawa ya wadudu". Na kuna kijana aliyetoka semina ya ujasiriamali mjini akatuambia pareto ni kanuni: asilimia 20 ya juhudi huleta asilimia 80 ya mapato. Wazee wakamtazama tu. Maelezo haya nimeyaandika kwa ajili ya wabishi wa aina hiyo, na njia ninayoieleza inafaa kwa ua lolote. Nimetumia pareto kwa sababu ndilo ua linalopita mikononi mwangu.

Anza kwa kukusanya majina, maana itafuata

Andika kila jina ambalo ua hilo linaitwa, na pembeni uandike nani analiita hivyo. Usichanganye. Karatasi yangu ya pareto ilikuwa hivi: wakulima, "maua"; Kiswahili cha ofisini, "pareto"; Waingereza, "pyrethrum"; wataalamu wa mimea, *Tanacetum cinerariifolium*; vitabu vya zamani kidogo, *Chrysanthemum cinerariifolium*; na Wakroatia, ambao ua hili ni la kwao kwa asili, "buhač".

Mtu akikuuliza "jina la pareto maana yake nini?", swali lenyewe lina kasoro, kwa sababu majina ni sita na kila moja lina safari yake. Mabishano mengi ya kituoni ni watu wawili wanaozungumzia majina mawili tofauti bila kujua.

Rudi nyuma lugha moja baada ya nyingine, na usiruke

Kiswahili kilichukua neno pareto kutoka kwa Waingereza. Ile *th* yao ikawa *t*, mwisho ukapata irabu, neno likakaa vizuri mdomoni. Waingereza walilitoa kwenye Kilatini, na Kilatini kikalitoa kwenye Kigiriki: *pyrethron*, neno linalotokana na *pyr*, yaani moto.

Wengi wakifika hapa hufunga daftari. Moto! Basi ni kwa sababu pareto inawaunguza wadudu. Hadithi tamu, lakini si kweli, na hapa ndipo penye kazi yenyewe.

Uliza: jina hili lilikuwa la nani kabla halijafika hapa? Pyrethron aliyoiandika Dioscorides, tabibu wa Kigiriki wa karne ya 1, haikuwa pareto yetu. Ilikuwa mmea mwingine ambao leo unaitwa *Anacyclus pyrethrum*, nao una mzizi mkali. Ukiutafuna mdomo unawaka na mate yanatiririka, na watu wa zamani waliutumia kwa maumivu ya meno. Moto ni wa mzizi ule, ndani ya kinywa cha mgonjwa. Mdudu hahusiki kabisa.

Pareto ililipata jina baadaye. Wataalamu wa mimea walikuwa na kundi waliloliita Pyrethrum, wakawa wanatia humo mimea ambayo maua yake yanafanana, na hii yetu ikaingizwa humo. Ni kama mtoto anayerithi jina la babu yake Mvuvi ilhali yeye amezaliwa mlimani na ziwa hajaliona. Ukimuuliza yeye kwa nini anaitwa Mvuvi, hutapata jibu. Jibu liko kwa babu. Majina ya mimea yamejaa urithi wa namna hii kuliko watu wanavyodhani, kwa hiyo hatua hii usiiruke hata kama una haraka.

Soma jina la Kilatini pamoja na mabano yake

Watu huogopa Kilatini bure. Jina lina sehemu mbili, la kwanza ni la ukoo mdogo, la pili ni la mmea wenyewe. Kinachosahaulika ni yale majina ya watu yanayofuata, na ndiyo yenye historia. Kwenye orodha za kitaalamu utaliona hivi:

*Tanacetum cinerariifolium* (Trevir.) Sch.Bip.

Aliye ndani ya mabano ndiye aliyeupa mmea jina la kwanza. Aliye nje ya mabano ni yule aliyeuhamishia kundi jingine. Ukijua hilo tu, tayari unaweza kusoma historia ya ua bila kufungua kitabu. Trevir. ni Treviranus, Mjerumani, ambaye mwaka 1820 aliliita *Pyrethrum cinerariifolium*. Sch.Bip. ni Schultz, naye akalihamishia Tanacetum. Hilo "Bip." linanifurahisha. Wataalamu wa mimea walioitwa Schultz walikuwa wengi, kwa hiyo huyu alitambulishwa kwa mji wake, Zweibrücken, maana yake madaraja mawili, ambao kwa Kilatini ni *Bipontium*. Hapa kwetu tungemwita Schultz wa Madarajani na maisha yakaendelea.

Ukiona (Trevir.) Vis., hapo jina linakuwa Chrysanthemum, na huyo ni Roberto de Visiani. Alizaliwa Šibenik, pwani ya Dalmatia, ambayo leo iko Kroatia. Ndiko pareto inakoota yenyewe mwituni, kwenye mawe ya kando ya bahari ya Adriatiki.

Jambo moja la kiutendaji: unapotafuta habari za pareto, tafuta kwa majina yote matatu ya Kilatini. Pia jaribu tahajia ya zamani, *cinerariaefolium*. Wanaotafuta kwa jina moja hukosa nusu ya maandiko halafu wanasema hayapo.

Vunja jina, kisha ulipeleke shambani

*Chrysanthemum* ni Kigiriki, dhahabu na ua. Sasa shika ua la pareto. Petali ni nyeupe. Dhahabu iko katikati tu. Kwa hiyo jina hilo lilitengenezwa kwa ajili ya ndugu zake wenye maua ya njano, na pareto ilikuwa mgeni humo.

*Cinerariifolium* ni "mwenye majani kama ya cineraria", na cineraria, mmea mwingine, jina lake linatokana na neno la Kilatini la majivu. Hili lipeleke shambani asubuhi kabla jua halijakolea. Geuza jani la pareto, utazame upande wa chini: kuna vinyweleo vidogo, na rangi ni kijani iliyofifia kuelekea kijivu. Simama mwanzo wa tuta ulitazame shamba zima kabla halijachanua, utaiona rangi ya majivu. Jina hili limefaulu mtihani. Kati ya majina yote ya pareto, hili ndilo ninaloliheshimu zaidi, kwa sababu aliyelitoa alitazama.

*Tanacetum* sina mengi ya kulisemea. Maelezo yanayorudiwa sana ni kwamba limetokana na neno la Kigiriki *athanasia*, kutokufa, likakatwakatwa likipita kwenye Kilatini cha mitaani. Hapo shambani hakuna cha kupima, kwa hiyo liandike kwa penseli.

Na *buhač*? Kwa Kikroatia *buha* ni kiroboto. Hatimaye tumepata jina linalotaja kazi! Watu wa Dalmatia walikausha maua haya, wakayasaga, wakanyunyiza unga kuua viroboto, na unga huo ukauzwa mbali. Kwa hiyo yule aliyeapa kwamba jina maana yake ni dawa ya wadudu alikuwa na haki, ila alilitaja jina lisilo lenyewe.

Tahadhari ndogo: kupima jina hakumaanishi kuonja. Usitafune ua la pareto ili uone kama kuna moto.

Lifuate jina mbele pia, mpaka dukani

Watu hufuata jina kwenda nyuma tu. Lifuate na mbele. Nenda duka lolote la pembejeo, iwe Mwanjelwa, Mafinga au Makambako, usome maandishi madogo ya kiambato kwenye chupa za dawa za wadudu: cypermethrin, lambda-cyhalothrin, deltamethrin. Soma na lebo ya chandarua chenye dawa. Huenda ukaona permethrin. Hayo *-thrin* ya mwisho ni mkia wa pyrethrin, na pyrethrin ni jina la dawa iliyomo ndani ya ua la pareto. Wanakemia waliiga dawa ya ua maabara kwa sababu ya asili huharibika upesi ikipigwa na jua, wakabaki na kipande cha jina lake. Ya kwanza kuigwa ilikuwa allethrin, mwaka 1949, na jina hilo bado unaweza kulikuta kwenye boksi la dawa ya mbu ya kuchoma. Permethrin ilitengenezwa Uingereza mwaka 1973.

Hata ndani ya ua lenyewe majina yamezaliana. Dawa ya pareto ni mchanganyiko wa vitu sita: pyrethrin mbili, cinerin mbili na jasmolin mbili. Cinerin, umeshaijua, ni yale majivu ya jani. Jasmolin imechukua jina la asumini, kwa kuwa umbo lake la kikemia linahusiana na kitu kilichomo kwenye mafuta ya asumini. Yaani gunia la maua la Umalila, likichambuliwa, linatoka na jina la ua wanalotunga vikuba akina mama wa Pwani. Nilipowaambia watu pale kwenye mizani, mama mmoja akauliza kama bei ingepanda. Haipandi. Bei inafuata kiasi cha dawa, ambacho kwenye ua kavu kwa kawaida ni kama asilimia 1 hadi 2, na hapo ndipo ukaushaji wako unapoamua.

Majina yanayofanana tu

Sasa yule kijana wa semina. Kanuni ya 80 kwa 20 imepewa jina la Vilfredo Pareto, mchumi wa Kitaliano aliyeishi kuanzia 1848 mpaka 1923, na ni jina lake la ukoo. Halina uhusiano wowote na ua. Maneno mawili yametoka njia mbili yakakutana kwenye Kiswahili yakiwa na sura moja.

Kipimo cha kuwagundua pacha wa uongo ni rahisi: andika neno katika lugha lilikotoka. Ua ni *pyrethrum*, mtu ni *Pareto*. Zikiandikwa hivyo, ubishi umekwisha.

Ila usikimbilie kusema kila jina linalofanana na la mtu ni la uongo. Maua mengi yana majina ya watu kweli. Kniphofia, yale maua marefu ya rangi ya moto kule Kitulo, yamepewa jina la Kniphof, profesa wa Kijerumani wa karne ya 18. Lobelia ni ya mtaalamu wa mimea de l'Obel. Bogainvilia la getini kwako ni la Bougainville, baharia wa Kifaransa.

Kwa majina ya wenyeji, uliza tofauti

Ukimwendea mzee ukamuuliza "jina hili maana yake nini?", atakutungia maana kwa adabu, kwa kuwa umemtembelea na hataki uondoke mikono mitupu. Mwombe kwanza akuonyeshe mmea. Kisha uliza unatumika kwa nini, sehemu gani inachukuliwa, na kama kuna mmea mwingine unaoitwa hivyohivyo. Swali la mwisho ndilo muhimu kuliko yote.

Chukua chikanda, yaani okidi za mwituni zinazochimbwa kwa ajili ya viazi vyake, ambayo watu wa Makete na mpakani na Zambia wanaijua. Wataalamu wana majina ya Disa, Satyrium, Habenaria, kila aina na lake. Mchimbaji na mnunuzi wana neno moja, kwa kuwa wao wanatafuta kiazi cha chini na ua ni alama tu ya kujua pa kuchimba. Na ajabu ni kwamba Wagiriki nao walitazama hukohuko chini. Jina la jumla la maua haya, okidi, linatokana na *orchis*, yaani korodani, kutokana na vile viazi viwili viwili. Mwalimu akilieleza hili darasani ajiandae kwa kelele.

Ukilipata jina la mwenyeji, chukua na kielelezo: tawi lenye ua na majani, lilazwe katikati ya magazeti na kugandamizwa kwa kitu kizito mpaka likauke, magazeti yakibadilishwa yakilowa. Kitulo ni hifadhi ya taifa, huko piga picha tu, usichume. Bandika kikaratasi chenye jina ulilopewa, lugha, kijiji, tarehe, na kama aliyekuambia ni mkulima, mganga au mnunuzi. Kielelezo kikiwa na hayo yote, mtaalamu wa kituo cha utafiti wa kilimo cha TARI Uyole au wa chuo chenye hifadhi ya mimea mikavu anaweza kukupa jina la Kilatini. Mwambie akuandikie na ya kwenye mabano.