Namna ya Kubuni Ulimwengu wa Rangi na Sauti

Mwongozo huu ni wa mtunzi wa hadithi anayetaka kuumba ulimwengu usiokuwapo, ambamo vitu havikutokana na udongo na maji bali na rangi na sauti. Ninauandika nikiwa Kigoma, na ulimwengu wangu nimeuita Rindimo, kutokana na kitenzi kurindima. Tangu nilipoanza kuujenga nimejifunza kwamba mtunzi wa Kiswahili hana haja ya kwenda kuazima mbali, kwa kuwa lugha yake ilikwisha kuoanisha rangi na sauti kabla yeye hajashika kalamu.

Anza, basi, na maneno. Kiswahili kina mashina matatu tu ya vivumishi vya rangi yanayofuata ngeli, yaani -eupe, -eusi na -ekundu. Nyingine nyingi zimekopwa kwa vitu, ndiyo maana tunasema kijani kwa sababu ya jani, kijivu kwa sababu ya jivu, kahawia kwa sababu ya kahawa, na zambarau kwa sababu ya tunda. Kisha sikiliza jinsi tatu zile za asili zinavyotamkwa: nguo huwa nyeupe pe, usiku huwa mweusi tii, damu huwa nyekundu ndu, wala husikii mtu akiitafutia kahawia mlio wake. Katika Rindimo, Pe, Tii na Ndu ndizo sauti tatu zilizotangulia kuwapo, na rangi nyingine yoyote haiwezi kuitwa mpaka anayeiita awe ameshika mkononi kitu kilichoipa jina. Usijione umelazimika kuanza na rangi saba kwa sababu Isaac Newton aliugawa upinde wa mvua mara saba kwa kuufananisha na noti za muziki. Ile ilikuwa hesabu yake, nawe unayo ya kwako mdomoni.

Baada ya maneno, andika sheria moja kwa sentensi moja, uibandike mahali unapoiona kila siku. Yangu inasema: kila sauti huondoka na sehemu ya rangi ya kitu kilichoitoa. Mwimbaji anayeimba mno hufifia, ngoma iliyopigwa usiku kucha hukutwa asubuhi imepauka kama jivu, na anayetaka kurudishiwa rangi yake hana budi kunyamaza kimya jii. Itafute gharama kabla hujatafuta maajabu.

Kabla hujaendelea, fanya jaribio hili jikoni. Chukua bakuli, wamba juu ya mdomo wake kipande cha puto, ukikaze kwa mpira kama fundi anavyokaza ngozi ya ngoma. Nyunyiza chumvi laini, sogeza mdomo karibu bila kupuliza, kisha vuma kwa sauti moja iliyo thabiti. Punje zitarukaruka, na ukiipandisha au kuishusha sauti polepole utafika mahali zinapokimbia sehemu zinazotikisika na kujipanga kwa mistari pale ngozi inapotulia. Ernst Chladni, Mjerumani, alilieleza jambo hili mwaka 1787 kwa mchanga uliomwagwa juu ya bamba lililosuguliwa kwa upinde wa fidla. Mimi nilipoiona chumvi ikijikunja na kuwa pete nyembamba, nilifuta kurasa tatu nilizokwisha kuziandika, kwa sababu nilikuwa nimechora vijiji vyangu pale panapovuma zaidi, kumbe sauti huacha umbo pale palipotulia. Tangu siku hiyo watu wa Rindimo hujenga juu ya mistari ya utulivu, na panapovuma hupita mbio.

Hatua inayodai uvumilivu zaidi ni ya umbali. Katika ulimwengu wetu umeme wa radi huonekana kwanza na ngurumo hufuata, sekunde tatu hivi kwa kila kilomita. Katika Rindimo rangi husafiri na sauti yake kwa mwendo mmoja, na hapo ndipo Ziwa Tanganyika liliponifunza kazi. Kutoka ufuo wetu hadi ng'ambo ya Kongo ni takribani kilomita 50. Sauti hewani huenda karibu mita 340 kwa sekunde, lakini majini huenda karibu mita 1,500. Kwa hiyo ngoma ikipigwa ng'ambo, rangi yake ingetufikia kupitia majini kwa nusu dakika na ushei, na kupitia hewani kwa karibu dakika mbili na nusu. Sasa ongeza tabia ya maji: humeza wekundu kwanza, na buluu ndiyo inayokwenda mbali. Basi habari ya hatari iliyotumwa ikiwa nyekundu ndu hufika upesi kwa njia ya maji ikiwa imepokonywa wekundu wake, walio ufuoni wakaiona buluu tulivu na kudhani ni salamu, mpaka baadaye anga liwake. Hadithi yangu nzima inaishi ndani ya dakika hizo mbili. Piga hesabu za namna hiyo kwa kalamu na karatasi, kwa kuwa visa hutoka humo.

Wakazi wape kazi zinazotokana na sheria yako. Mfikirie pia asiyesikia, ambaye katika Rindimo husoma maneno yakipita hewani, na asiyeona, ambaye hujua rangi kwa mlio wake.

Unapoandika, shuka kwenye kitu kimoja. Usiku wa giza, mwezi ukiwa haupo, mimi huteremka Kibirizi kutazama taa za wavuvi, kila moja na duara lake la mwanga ambalo dagaa hupanda kulifuata. Huko ndiko nilikopata sentensi hizi: "Mvuvi alikohoa, na kikohozi chake kikaanguka majini chubwi, kikafanya duara la manjano. Dagaa wakaja kulizunguka. Alipotazama vidole vyake, kucha zilikuwa zimepauka." Sikutaja uchawi, na sheria imeonekana kwenye kucha.

Rasimu ikikamilika, msomee mtu kwa sauti gizani, taa ikiwa imezimwa, kisha mwombe akutajie rangi alizoziona. Zile asizozitaja, rudi uzitafutie mlio.