Kuitumia Santuri ya Zamani katika Filamu Bila Kuiharibu

Mwaka 1928 mwimbaji wa taarab Siti binti Saad alisafiri kutoka Unguja hadi Bombay kurekodi nyimbo zake kwenye santuri. Mtengenezaji wa filamu au kipindi cha televisheni akibahatika kupata santuri ya namna hiyo, asikimbilie kuipiga. Santuri za wakati huo zilitengenezwa kwa shelaki, aina ya utomvu mgumu unaotokana na wadudu, ambayo huyeyuka kwa spiriti. Kwa hiyo ifutwe kwa kitambaa laini na maji yaliyochujwa kwa mvuke, bila kuilowesha lebo ya katikati, kwa kuwa maandishi na namba zilizopo hapo ndizo kitambulisho chake.

Sindano ya santuri za miaka ya 1960 haifai. Mifereji ya shelaki ni mipana, nayo huhitaji sindano yenye ncha ya mikroni 75 hivi (mikroni ni sehemu moja ya elfu ya milimita), yaani takriban mara tatu ya ile ya kawaida. Spidi inahitaji uangalifu zaidi, maana mizunguko 78 kwa dakika ilikuwa kadirio tu, na mashine nyingi za kurekodia zilizidi au kupungua. Kosa la asilimia 6 hupandisha au kushusha sauti kwa takriban nusu toni, na sauti ya mwimbaji husikika tofauti na ilivyokuwa. Mwite mzee aliyezizoea nyimbo hizo asikilize pamoja nawe. Sikio lake mara nyingi hushinda kipimo.

Hamisha sauti kuwa faili la kidijitali la ubora wa juu, kwa kilohezi 96 na biti 24, bila kichujio chochote, kisha faili hilo liwe nakala mama lisiloguswa tena, na nakala zake zihifadhiwe mahali tofauti. Usafishaji ufanyike kwenye nakala ya kazi pekee. Ondoa milio mikali ya mikwaruzo na uuache mchakarisho wa chini, kwa sababu programu ya kusafisha sauti ikitumiwa kupita kiasi hula pumzi ya mwimbaji na kuifanya sauti isikike kama inatoka majini.

Katika uhariri, jihadhari na picha iliyopigwa kwa fremu 24 kwa sekunde inapoharakishwa hadi 25 kwa ajili ya televisheni: sauti nayo hupanda kwa asilimia 4 hivi, na kazi yote ya kutafuta spidi hupotea. Kumbuka pia kwamba upande mmoja wa santuri ulibeba dakika tatu hivi, hivyo wimbo unaotaka kuukata huenda ulikwisha kukatwa mwaka ule ule.

Ukongwe hauondoi haki. Haki ya utunzi na haki ya rekodi ni vitu viwili, kwa hiyo anzia kwenye taasisi za hakimiliki, COSOZA kwa Zanzibar au COSOTA kwa Tanzania Bara, na uwatafute warithi hata pale sheria isipokulazimisha. Hatimaye, wimbo wa 1928 usiwekwe chini ya picha za Mapinduzi ya 1964 kana kwamba ulitoka redioni siku ile. Andika kwenye skrini jina la mwimbaji, mwaka na mahali uliporekodiwa.