Mtoto Anapobaki Nyumbani Peke Yake Hadi Mzazi Atoke Kazini: Mambo ya Kuandaa

Jijini Dar es Salaam, mtoto wa shule ya msingi anayetoka darasani saa tisa alasiri anaweza kukaa nyumbani saa nne au tano kabla mzazi wake anayefanya kazi Kariakoo au Posta hajamaliza foleni ya kurudi Mbagala, Chanika au Gongo la Mboto. Bibi yuko kijijini, mshahara wa dada wa kazi haupatikani, na masomo ya jioni nayo yana ada yake. Mwongozo huu ni wa mzazi ambaye amekwisha kuona kwamba hana njia nyingine, na unamhusu mtoto wa miaka kumi hivi na kuendelea. Mtoto wa miaka sita au saba hafai kuachwa peke yake hata akiwa mwerevu kiasi gani, wala wa miaka kumi hafai kuachiwa mdogo wake anayetambaa, kwa sababu hapo hajitunzi tena bali analea, na kulea ni kazi ya mtu mzima. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 nchini Tanzania inamtambua mtoto kuwa mtu aliye chini ya umri wa miaka 18 na inampa mzazi wajibu wa kumlinda, hivyo kumkabidhi mtoto ufunguo hakumwondolei mzazi wajibu huo.

Tafuta kwanza mtu mzima wa karibu

Kabla ya kuchonga ufunguo wa pili, tafuta jirani mmoja anayeshinda nyumbani: fundi cherehani wa barazani, mama mwenye genge, au mstaafu wa nyumba ya pili. Mwombe waziwazi, mtoto akiwepo, na mpe kazi inayoeleweka badala ya kumwambia tu kwamba amwangalie angalie. Mtoto akitoka shule apite kwake kwanza na kumsalimia. Ikipita nusu saa hajaonekana, jirani akupigie simu. Mwachie pia ufunguo wa akiba. Ikiwa mpango utaendelea kwa miezi, mpe chochote, iwe fedha, unga au sukari, kwani anayepewa chake hukwambia bila haya siku ambayo hatakuwepo, nawe huoni vibaya kumuuliza.

Namba zako na za jirani zibandikwe nyuma ya mlango kwa maandishi makubwa, na mtoto aijue yako kwa moyo, maana simu ya kitochi aliyoachiwa inaweza kuisha chaji. Chini yake andika 112 ya polisi, 114 ya Jeshi la Zimamoto na Uokoaji, na 116 ya huduma ya simu kwa mtoto, ambayo hupigwa bila malipo.

Mlango

Usimfungie mtoto kwa nje. Nyumba nyingi za mjini zina nondo madirishani na geti la chuma mlangoni kwa ajili ya wezi, na moto ukizuka vitu hivyo hivyo ndivyo vinavyomzuia mtoto kutoka, huku majirani waliokimbilia na ndoo za maji wakishindwa kumfikia. Mtoto ajifungie mwenyewe kwa komeo la ndani ambalo anaweza kulifungua gizani. Mjaribishe usiku mmoja ukiwa nyumbani: zima taa zote, kisha mwambie atoke kitandani hadi uani bila msaada. Akihangaika na komeo lililoshika kutu, litengeneze kabla ya jambo jingine lolote. Kama unaona kwamba asipofungiwa kufuli atazurura mitaani, basi hajawa tayari kubaki peke yake.

Suala la hodi linahitaji mafunzo ya makusudi, kwa kuwa watoto wetu wamekuzwa kuitikia "karibu" na kufungua. Ushauri wa kumwambia mgeni kwamba mama anaoga hausaidii katika nyumba ya kupanga, ambako kila mtu anajua mama huondoka saa ngapi. Ni afadhali mtoto aitikie kwa heshima bila kufungua, kisha amwelekeze mgeni kwa jirani mliyemchagua: "Shikamoo, mama amesema wageni wapitie kwa Mama Asha." Utaratibu huu uwahusu pia mjomba, binamu, fundi na rafiki wa baba, isipokuwa yule uliyemtaja kwa jina asubuhi ya siku hiyo. Wanaowadhuru watoto mara nyingi ni watu wanaofahamika nyumbani, kwa hiyo mwambie mtoto kwamba hatapigwa wala kugombezwa kwa kumnyima mtu mzima mlango, na kwamba hakuna siri ya mtu mzima anayotakiwa kuificha kwako. Mgeni akinuna, jibu ni lako wewe mzazi.

Chakula na moto

Kwa miezi ya mwanzo mtoto asiwashe moto wa aina yoyote. Mwachie chakula kisichohitaji kupashwa na kinachostahimili joto: chapati, viazi vitamu vya kuchemsha, ndizi, karanga, pamoja na maji safi ya kunywa. Maharage ya nazi yaliyopikwa alfajiri yanaweza kuwa yamechacha ifikapo alasiri.

Funga valvu ya mtungi wa gesi kila unapotoka. Gesi ya kupikia ni nzito kuliko hewa na hutuama sakafuni, hivyo mtoto akisikia harufu yake asiwashe wala asizime taa, asiguse kiberiti, bali afungue mlango na kwenda kwa jirani. Jiko la mkaa lisiingizwe ndani hata mvua inyeshe, kwa sababu mkaa unaowaka hutoa hewa yenye sumu isiyo na harufu, ambayo humlevya mtu na kumuua. Umeme wa LUKU ukiisha au ukikatika, kuwe na tochi au taa ya kuchaji mahali panapojulikana, na mishumaa isiwepo kabisa. Mafuta ya taa yasihifadhiwe kwenye chupa ya soda au ya maji. Mtoto akiyameza asitapishwe wala asinyweshwe maziwa, bali apelekwe hospitali upesi. Akiungua, amwagie sehemu hiyo maji safi ya baridi yanayotiririka kwa dakika 20, kisha aende kwa jirani. Dawa ya meno, unga na mafuta visipakwe.

Kuanza

Anza kwa saa moja siku ya Jumamosi, ukiwa dukani au msikitini karibu, kisha ongeza muda taratibu. Ratiba yenyewe haina haja ya kuwa ndefu: kubadili sare, kula, kazi ya shule, kucheza uani. Jua huzama mapema Dar es Salaam, kati ya saa kumi na mbili na saa moja jioni, na hapo ndipo watoto wengi huanza kuogopa. Ukijua utachelewa kupita muda huo, mtoto akakae kwa jirani hadi ufike.

Ukirudi, msikilize kwanza kabla ya kuuliza vyombo visivyooshwa. Mtoto aliyeanza upya kukojoa kitandani, anayekataa kurudi nyumbani baada ya shule, au anayejificha mtu fulani anapotajwa, asiachwe tena peke yake kuanzia siku hiyo hiyo, hata kama itakubidi uombe ruhusa kazini. Akieleza kwamba ameguswa au ametishwa, usimkabili mtuhumiwa mwenyewe wala usimwogeshe mtoto. Mpeleke hospitali na katika Dawati la Jinsia na Watoto la kituo cha polisi kilicho karibu, au piga 116 uelekezwe pa kuanzia.