Kupasua mninga kwa msumeno wa mikono, bonde la Ruvuma

Kwenye misitu ya Tunduru inayopakana na Msumbiji, anza na karatasi: leseni ya uvunaji, kisha ofisa misitu wa TFS (Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania) apime mti. Gogo lisilogongwa nyundo ya alama ya misitu ni magendo, na huku mpakani utashukiwa umelivusha kutoka ng'ambo ya mto.

Zunguka mti uone umelalia wapi na matawi mazito yako upande gani. Fyeka njia mbili za kukimbilia, nyuma kwa mshazari. Wasiohusika wakae umbali wa mara mbili ya urefu wa mti. Kata pengo upande wa kuangukia, kina cha robo hadi theluthi ya unene. Kisha ingia kwa nyuma, sentimita chache juu ya kitako cha pengo, na ubakize bawaba, yaani ukanda usiokatwa kati ya pengo na mkato wa nyuma: shina la sentimita 50, bawaba ya sentimita 5. Ukiimaliza bawaba, mti hujizungusha na kwenda unakotaka wenyewe. Mti uliolala sana ndio muuaji, maana shina huchanika kwenda juu kabla mkato haujaisha na kumrukia mkataji. Kama hujawahi kufundishwa kuukata, uache.

Gogo la futi 7 au 8 linatosha. Msumeno hushikwa na wawili, mmoja juu ya gogo na mwingine chini yake, hivyo penye mteremko jenga jukwaa la kuweka gogo. Penye tambarare chimba shimo linalompita kimo mtu wa chini. Likaze gogo kwa kabari lisibiringike. Sasa shika timazi, na hapa usiharakishe: chora mstari wima kwenye vichwa vyote viwili, ndipo uunganishe kwa uzi uliopakwa unga mweusi wa betri kuukuu uliolowekwa maji. Kichwa kimoja kikikosea timazi, ubao utatoka umejipinda, nene huku na nyembamba kule.

Wa juu anafuata mstari na kuinua msumeno. Wa chini anavuta, na hapo ndipo meno yanapokula. Wa juu akisukuma kwa nguvu, msumeno huhama mstari. Pigilia kabari nyuma yake mkato usiubane, na upake oili chafu utomvu mwekundu ukianza kunata. Vumbi la mninga hubana kifua: wa chini afunge kitambaa puani na avae kofia pana.

Panga mbao kivulini, katikati yake vijiti kila futi 2, kimoja juu ya kingine. Paka rangi vichwani siku hiyohiyo, kwani huko ndiko unyevu hutoka haraka na nyufa kuanzia.